Safu ya Kwanza Iliyoachwa Wazi

Desemba 28, 2022, siku tatu baada ya Krismasi, ofisi ya msimamizi wa uchaguzi wa kaunti ya Alameda, jimbo la California, ilitoa taarifa fupi ambayo hakuna aliyekuwa akiisubiri. Uchaguzi ulikwisha tangu Novemba 8. Matokeo yalithibitishwa Desemba 8, walioshinda wakapongezwa, walioshindwa wakang'oa mabango yao. Sasa ofisi ilikuwa inasema kwamba programu iliyojumlisha kura za mapendeleo haikupangwa sawasawa, na kwamba hesabu iliporudiwa, mshindi mmoja alibadilika. Ni yule wa kiti cha Kata ya 4 katika bodi ya shule za mji wa Oakland.

Karatasi zilizozusha yote hayo zilikuwa 235. Wenye karatasi hizo waliacha wazi safu ya kwanza, ile ya mgombea wanayempenda kuliko wote, wakaweka alama kuanzia safu ya pili. Kwa nini walifanya hivyo, kila mmoja anajua lake. Sheria ilikwisha kusema la kufanya na karatasi ya namna hiyo: safu tupu inarukwa, na jina lililofuata linahesabiwa kuwa la kwanza. Kompyuta haikuruka. Iliziweka kando zile 235, ikasubiri duru ya pili, na duru ya pili ilipofika mtu ambaye baadhi ya wapigakura hao walimtaka alikuwa ameshaenguliwa.

Nimeifuatilia habari hii kwa hamu kuliko nilivyofuatilia chaguzi nyingi za marais. Bodi ya shule ni ngazi ndogo, lakini ndiyo inayoamua shule gani ifungwe na mtoto wa nani avuke barabara kuu kwenda kusoma kata nyingine. Tena ndani ya habari hii limo swali ambalo sisi wa Afrika Mashariki tumelitolea jasho na hata damu: kura ikishatumbukia sandukuni, mwananchi atajuaje kwamba imehesabiwa kama alivyoipiga?

Kwanza tuielewe kura yenyewe. Kwetu tumezoea namna mbili. Diwani au mbunge hushinda kwa kumzidi anayemfuata, hata kwa kura moja, hata kama walio wengi hawakumtaka. Rais wa Kenya lazima avuke nusu ya kura; asipovuka, watu wanarudi vituoni kwa duru ya pili. Kura ya mapendeleo inajaribu kuziingiza duru zote katika karatasi moja. Mpigakura anawapanga wagombea: huyu wa kwanza, huyu wa pili, huyu wa tatu. Wanaohesabu huanza na chaguo la kwanza la kila karatasi. Aliyevuka nusu ameshinda. Asipopatikana, wa mwisho anaenguliwa, na kila karatasi iliyokuwa yake inahamia kwa jina lililofuata juu ya karatasi hiyo. Kisha wanahesabu tena na kuengua tena, mpaka mmoja avuke nusu ya kura zilizobaki mchezoni. Karatasi ambayo majina yake yote yameenguliwa hutoka katika hesabu, na hapo ndipo ugomvi mwingi huanzia.

Mfumo huu una umri. Mawazo yake ya kwanza yalitoka Denmark na Uingereza katikati ya karne ya 19, na mwanzoni mwa karne ya 20 miji ya Marekani iliyochoshwa na wakubwa wa vyama waliouza vyeo iliupokea kama dawa. Mji wa Ashtabula, jimbo la Ohio, ulitangulia mwaka 1915. Sacramento, makao makuu ya California, ulifanya uchaguzi wa baraza lake kwa njia hiyo mwaka 1921, na mwaka uliofuata mahakama ya jimbo ikaufuta mfumo huo. New York iliutumia kuanzia 1937, ikauacha mwaka 1947. Siku hizo karatasi zilihamishwa kwa mikono, rundo hadi rundo, juu ya meza ndefu. Huko New York kazi hiyo ilichukua wiki kadhaa. Cambridge, mji mdogo wa Massachusetts ulioanza mwaka 1941 na haujaacha mpaka leo, ulihesabu kwa mikono kwa zaidi ya nusu karne. Kazi ilichukua kama wiki nzima, na wakazi walikuja ukumbini kutazama marundo yakipungua na kuongezeka. Kompyuta ilichukua kazi hiyo mwaka 1997.

Ule uchovu wa wiki nzima ulikuwa na faida yake. Karatasi yenye safu tupu ilipofika mezani, mtu aliinyanyua, akauliza, na mwenzake akamjibu mbele ya mashahidi. Kompyuta inajibu swali hilo kabla halijaulizwa, na jibu lake limo ndani ya mpangilio ambao fundi aliuchagua miezi kabla ya siku ya kura.

Oakland, ng'ambo ya ghuba ya San Francisco, iliingia katika mfumo huu kwa kura ya wananchi ya Novemba 2006. Zaidi ya theluthi mbili walikubali. Awali mji ulikuwa na mchujo wa Juni na duru ya pili Novemba, na waliotaka mabadiliko walisema mchujo ule ulihudhuriwa na wachache na duru mbili zilikula fedha za bure. Mfumo ulitumika kwa mara ya kwanza Novemba 2, 2010, na mara hiyo hiyo ukazua kelele.

Wagombea wa umeya walikuwa kumi. Aliyetarajiwa kushinda ni Don Perata, aliyewahi kuongoza seneti ya jimbo, mtu mwenye fedha za kampeni na marafiki wakubwa. Nyuma yake walikuwepo madiwani wawili, Jean Quan na Rebecca Kaplan. Quan alisoma kanuni za mchezo mpya kuliko mwenzake. Alipokuta nyumba yenye bango la mgombea mwingine hakupita. Alibisha hodi akaomba nafasi ya pili, na kama ya pili ilikwisha kwenda, akaomba ya tatu. Perata alifanya kampeni ya kizamani, ya kumtafuta anayempenda na kumwacha asiyempenda.

Kura za chaguo la kwanza zilipojumlishwa, Perata alikuwa na karibu asilimia 34, Quan asilimia 24 na ushei, Kaplan karibu 22. Katika namna yetu ya kumpata diwani au mbunge, ngoma ingekuwa imekwisha. Lakini waliengua mmoja baada ya mwingine, Kaplan akafika wa tatu na kuenguliwa, na karatasi zake zilipogawanywa, Quan alipata karibu tatu kwa kila moja ya Perata. Jumla ya mwisho ilikuwa 53,897 kwa 51,872. Tofauti ilikuwa kura 2,025. Mwanamke wa kwanza na mtu wa kwanza mwenye asili ya Asia kuwa meya wa Oakland alipatikana bila kuongoza katika duru hata moja isipokuwa ya mwisho.

Wafuasi wa Perata waliumia, na maumivu yao si ya kudharauliwa. Mtu ameamka Jumatano akiongoza, siku chache baadaye anaambiwa ameshindwa, na hakuna kura mpya iliyopigwa. Lakini ukiuliza nani aliiba nini, hupati jibu. Karatasi zilizohama zilikuwa na maelekezo ya wenyewe. Mbaya zaidi ilikuwa ni zile ambazo hazikuhama: maelfu ya wapigakura walijaza safu tatu zilizoruhusiwa wakati huo, wote watatu wakaenguliwa, na hawakuwa na sauti katika pambano la mwisho kati ya Quan na Perata.

Hoja hiyo ya karatasi zinazokwisha ilifikishwa mahakamani ng'ambo ya pili ya ghuba. Ron Dudum, aliyegombea kiti cha baraza la San Francisco, alidai pamoja na wenzake kwamba kumpa mpigakura nafasi tatu tu wakati wagombea wanaweza kufika ishirini ni kumnyang'anya haki yake. Mwaka 2011 mahakama ya rufaa ya serikali kuu ya Marekani ilikataa: kura imehesabiwa katika kila duru ambamo mtu wake yumo, na kushindwa hakumaanishi kunyimwa kura. Kisheria ilitosha. Kwa mwananchi wa kawaida, sidhani. Mwaka 2010 huo huo kata ya 10 ya San Francisco ilikuwa na wagombea 21, na aliyepata kiti, Malia Cohen, alikuwa wa tatu katika chaguo la kwanza. Zaidi ya nusu ya karatasi zilikuwa zimekwisha kabla ya duru ya mwisho. Hakuna kosa lililofanyika, ila unaona kwa nini mtu aliyesimama nje ya ukumbi anaweza kushuku.

Mji wa Burlington, jimbo la Vermont, ulikwenda mbali zaidi. Mwaka 2009 Bob Kiss alirudishwa kwenye umeya akimshinda Kurt Wright kwa kura 252 katika duru ya mwisho, ingawa Wright aliongoza mwanzoni. Wachunguzi walipozichambua karatasi waligundua kwamba mgombea wa tatu, Andy Montroll, angewashinda wote wawili kama angepambanishwa na kila mmoja peke yake. Aliyekubalika na wengi ndiye aliyeenguliwa. Hesabu ilikuwa sahihi mpaka tarakimu ya mwisho, na bado watu hawakuikubali: Machi 2010 Burlington iliufuta mfumo kwa tofauti ya kura mia tatu hivi. Zaidi ya miaka kumi ilipita kabla haujarudishwa, kwanza kwa madiwani, kisha kwa meya.

Magomvi hayo yote yalihusu kanuni. Lipo lingine ambalo msomaji wa Mombasa au Mwanza atalielewa haraka.

Kwetu, ulinzi wa kura unaanzia mlangoni mwa kituo. Kura zinahesabiwa palepale, mawakala wanasaini, karatasi ya matokeo inabandikwa ukutani. Kenya imeifanya Fomu 34A kuwa jina la nyumbani. Mwaka 2022 tume iliziweka mtandaoni fomu za vituo zaidi ya elfu 46, na watu wakakaa sebuleni na kikokotoo wakijumlisha wenyewe. Nguvu yote ya ulinzi huo inatokana na jambo moja rahisi: kura za kituo cha kwanza ukizijumlisha na za cha pili na cha tatu, unapata jumla ya nchi.

Kura ya mapendeleo haijumlishiki hivyo. Wakala hawezi kuandika mlangoni kwamba fulani kapata mia na fulani sitini akaondoka na ukweli mfukoni. Haijulikani bado nani ataenguliwa, na kituo hakiwezi kuengua peke yake. Karatasi ya hapa inategemea kilichotokea vituo vyote vingine. Kwa hiyo picha ya kila karatasi, pamoja na mpangilio wake wote, husafirishwa hadi mahali pamoja, na mahali hapo pamoja ndipo kila kitu kinapoamuliwa. Fomu ya mlangoni haitoshi. Kinachoweza kuchukua nafasi yake ni kutoa hadharani kumbukumbu ya karatasi zote, moja moja, bila majina ya wapigakura, ili yeyote mwenye kompyuta na elimu kidogo ajihesabie.

New York ilipoirudia kura ya mapendeleo mwaka 2021, katika mchujo wa chama cha Democratic wa kumpata mgombea umeya, ilijifunza hilo kwa aibu. Juni 29, wiki moja baada ya watu kupiga kura, bodi ya uchaguzi ilitoa jumla ya kwanza ya duru zote. Saa chache hazikupita, kambi ya Eric Adams ikauliza swali la mtoto wa shule: usiku wa uchaguzi mlitangaza karatasi laki nane kasoro, leo zimefikaje zaidi ya laki tisa? Jibu lilikuwa kwamba karatasi za majaribio, kama 135,000, zilizotengenezwa ili kuipima programu, hazikufutwa na zikahesabiwa pamoja na za binadamu. Matokeo yaliondolewa mtandaoni usiku huo huo. Hesabu ya mwisho ilimpa Adams ushindi wa kura 7,197 dhidi ya Kathryn Garcia, na wote wawili pamoja na Maya Wiley walikuwa wamekimbilia mahakamani mapema kulinda haki ya kuzikagua karatasi. Kosa la New York lilionekana haraka kwa kuwa lilikuwa kubwa kama tembo. Makosa madogo hujificha.

Dogo kuliko yote ninayoyajua lilijificha Griffith, mji wa mashamba katika jimbo la New South Wales, Australia. Mabaraza ya huko yana viti vingi kwa pamoja, na mgombea anayepita kiasi kinachohitajika hugawa ziada yake kwa wengine. Wakati huo ziada ilipatikana kwa bahati nasibu: kompyuta ilichota baadhi ya karatasi bila mpangilio na kuzihamisha. Kwa hiyo karatasi zile zile, zikihesabiwa mara mbili, zingeweza kutoa madiwani tofauti. Sheria iliruhusu hivyo, kwa urithi wa zama za kuhesabu kwa mikono. Lakini katika uchaguzi wa 2012, juu ya bahati nasibu hiyo kulikuwa na kosa la programu katika kukokotoa idadi ya karatasi za kuhamisha.

Walioliona ni watafiti, akina Andrew Conway, Michelle Blom, Lee Naish na Vanessa Teague. Tume ya jimbo ilikuwa imetoa kumbukumbu za mapendeleo, nao wakaandika programu yao na kuirudia hesabu mara nyingi kupita kiasi. Mgombea mmoja wa Griffith, Rina Mercuri, alikuwa amekosa kiti. Kwa hesabu sahihi, nafasi yake ya kushinda ilikuwa asilimia 91. Kwa hesabu yenye kosa, ilishuka hadi 10 hivi. Tume ilikubali kwamba kosa lilikuwepo na ikalirekebisha. Jimbo baadaye liliachana na kuchota kwa bahati nasibu. Mercuri hakupata kitu. Ugunduzi ulipotangazwa miaka minne ya baraza lile ilikwisha, na hakuna hakimu wa kumkalisha mtu katika baraza lililokwisha kuvunjwa.

Turudi Oakland. Uchaguzi wa Novemba 8, 2022 ulikuwa na joto lake. Safari hii mpigakura aliruhusiwa kupanga wagombea watano badala ya watatu. Kwenye umeya, Loren Taylor aliongoza kwa chaguo la kwanza, Sheng Thao akampita mwishoni kwa kura 677. Ilikuwa kama 2010 imerudi, na wale ambao hawakuwahi kuupenda mfumo walipata la kusema. Macho yote yalikuwa huko. Kata ya 4 ya bodi ya shule, kata ile ile ambayo Jean Quan alikuwa diwani wake kabla ya umeya, haikuwa na mtangazaji mlangoni.

Wagombea wake walikuwa watatu: Nick Resnick, Pecolia Manigo na Mike Hutchinson. Hutchinson alikuwa tayari kwenye bodi, akiwakilisha Kata ya 5. Mipaka ilipochorwa upya nyumba yake ikaangukia Kata ya 4, akaamua kugombea huko wakati muda wake wa zamani haujaisha. Alijulikana mjini kama mpinzani mkubwa wa kufunga shule. Februari 2022 bodi ilikuwa imepitisha mpango wa kufunga shule kadhaa na kuunganisha nyingine, huku wafanyakazi wawili wa shule wakiwa wamegoma kula kwa hasira. Kiti cha Kata ya 4 kilikuwa na uzito, basi, kwa wazazi ambao shule zao ziliandikwa kwenye orodha ile.

Katika hesabu ya kwanza Resnick aliongoza, Manigo akafuata, Hutchinson akawa wa tatu, nyuma ya Manigo kwa kura kama arobaini. Wa mwisho anaenguliwa. Hutchinson akatoka, karatasi zake zikagawanywa, Resnick akashinda. Akathibitishwa.

Sasa weka zile karatasi 235 mahali pake. Kwa pengo la kura arobaini, 235 ni nyingi. Ziliporuka safu tupu na kuingia duru ya kwanza kama sheria inavyotaka, Hutchinson alimpita Manigo. Wa mwisho sasa ni Manigo, anayeenguliwa ni Manigo, na karatasi zake ndizo zinazogawanywa. Zilipogawanywa, Hutchinson alimpita na Resnick. Hakuna mpigakura aliyebadili nia. Jambo moja tu lilibadilika, ni nani atoke kwanza, na katika mfumo huu anayetoka kwanza anaweza kuwa ndiye ambaye angeshinda.

Kosa hili halikugunduliwa na ofisi. Kaunti ilikuwa imetoa kumbukumbu ya karatasi zote, na wanaharakati wa kura ya mapendeleo, shirika la FairVote pamoja na muungano wa California wa mfumo huo, walizipitia kwa hesabu zao wenyewe. Hesabu hazikulingana. Naona vyema kusema wazi kwamba watu hawa ni wapenzi wa mfumo, wamejitolea miaka mingi kuutetea, na waligundua dosari ambayo wapinzani wangeifurahia. Wangeweza kunyamaza. Walipeleka habari kwa msimamizi, Tim Dupuis, ofisi yake ikarudia hesabu, ikakuta wanasema kweli, ikatangaza. Chaguzi zote za kaunti zilizotumia mfumo huo zilikaguliwa upya. Thao alibaki mshindi wa umeya. Kiti kimoja tu kilibadilika mikono.

Kilibadilika kwenye karatasi, si kwenye ukumbi wa bodi. Matokeo yaliyothibitishwa hayawezi kufutwa na ofisi iliyoyathibitisha, hata ikikiri kosa mchana kweupe. Njia pekee ni mahakama. Na sheria ya California inampa anayepinga matokeo siku 30 tangu yathibitishwe: Desemba 8 mpaka Januari 7. Ugunduzi ule ulitangazwa Desemba 28. Zilikuwa zimebaki siku kumi, na ndani yake kulikuwa na Mwaka Mpya. Kama wale waliozipitia karatasi wangechelewa wiki mbili, Hutchinson angekuwa na cheti cha ukweli na asiwe na mlango wa kuupeleka, kama Mercuri wa Griffith.

Alifungua shauri lake kwa wakati. Januari 2023 Resnick aliapishwa, kwa sababu yeye ndiye aliyekuwa na uthibitisho, na kwa wiki kadhaa Kata ya 4 ikawa na mjumbe ambaye kaunti yenyewe ilishasema hakuchaguliwa. Mtu anaweza kumlaumu, mimi siwezi. Hakuiba kitu, aliambiwa ameshinda, akasherehekea na watu wake, kisha akaambiwa na wale wale kwamba hapana. Hali ya Manigo nayo haikuzungumzwa vya kutosha. Aliambiwa amefika duru ya mwisho, kisha akaambiwa hakufika.

Bodi ilikuwa na wajumbe saba, na siku hizo haikuwa na muda wa kusubiri hakimu. Januari 11 ilipiga kura kufuta uamuzi wa kufunga shule tano zilizokuwa zimebaki kwenye orodha ya mwaka huo. Ilipita kwa nne dhidi ya tatu. Hutchinson alikuwepo mezani kwa kuwa kiti chake cha zamani cha Kata ya 5 kilikuwa bado chake. Mwenye shauri mahakamani na mwenye kushtakiwa walikuwa wanaketi katika bodi moja, mmoja akidai kiti cha mwenzake, wakiamua juu ya watoto wale wale.

Februari Resnick alitangaza kujiuzulu. Machi 2023 hakimu Brad Seligman wa mahakama ya kaunti ya Alameda aliamua kwamba Mike Hutchinson ndiye aliyechaguliwa Kata ya 4. Karibu miezi minne ilikuwa imepita tangu wapigakura 235 waache safu ya kwanza wazi na kuendelea na ya pili. Siri ya kura inatunzwa hata kwa karatasi zilizofika mahakamani. Hakuna anayejua ni akina nani, na huenda baadhi yao hawajui mpaka leo kwamba walikuwa miongoni mwao.

Hutchinson aliapishwa kwa Kata ya 4, na kwa kufanya hivyo akaacha wazi kiti cha Kata ya 5. Wakazi wa kata hiyo waliitwa kupiga kura tena Novemba 2023, na Jorge Lerma akakipata kiti. Wagombea walikuwa wawili tu, kwa hiyo hapakuwa na cha kupanga.